LESENI YA KUWINDA, NA MTIHANI AMBAO SIJAWAHI KUUFANYA

Haya, wasomaji wangu, nimerudi. Najua kibaraza hiki kimeota majani. Kuna aliyeniandikia kuuliza kama nimepata kazi ya mshahara mnono ndiyo maana nimewasahau. Ndugu yangu, nani kakuambia uandishi wa habari una mishahara ya namna hiyo? Nilikuwa Singida. Leo nawasimulia kilichonipeleka, na nawaonya mapema kwamba habari hii inanihusu mimi kuliko ninavyopenda.

Yote yalianza na simu. Jioni, daladala imejaa, nimesimama mkono mmoja juu kwenye bomba. Namba siijui. "Wewe si ndiye mwandishi? Mimi jirani yenu wa Itigi."

Nilimtambua kabla hajataja jina. Akaniuliza hali ya mama, akauliza mvua za Dar, akalalamikia bei ya alizeti. Kisha akasema lililomfanya apige: "Hebu niulizie mdogo wangu, leseni ya kuwinda inapatikanaje? Wewe umezoea kuingia kwenye maofisi."

Nilishuka kituo ambacho si changu.

Ngoja nieleze kwa nini.

Mwaka 2006 nilikuwa darasa la nne. Likizo ya Juni mama akanipeleka kwa mjomba, kijiji kimoja nje kidogo ya Itigi. Waliowahi kupita reli ya kati kwenda Tabora wanaijua stesheni ile. Wasichokijua wengi ni vichaka vyake. Si msitu wa miti mirefu. Ni vichaka vilivyosongamana, vimemzidi mtu kimo, na mbuzi akiingia hatua kumi tu humwoni tena. Wataalamu wa mimea duniani wanavitambua kwa jina hilo hilo la Itigi, kwa sababu aina hiyo ya vichaka ipo hapo katikati ya Tanzania na kipande kingine kidogo kule upande wa Zambia, basi.

Mjomba alikuwa na gobore. Nadhani hata vijana wa mjini mnajua gobore: baruti unashindilia kwa mbele kwa ufito wa chuma, unaweka vipande vya chuma, unaomba Mungu. Lilikaa darini, limefungwa kwenye gunia. Halikuwa na karatasi yoyote. Na yeye mwenyewe hakuwa na karatasi yoyote ya kumruhusu kuwinda. Lakini kijijini pale aliitwa mwindaji, na mimi nilijivuna kuwa na mjomba mwindaji. Shuleni kwetu Dar wenzangu walikuwa na wajomba wenye magari. Mimi wangu alikuwa na bunduki!

Siku hiyo tulikwenda watatu: mjomba, mimi, na kijana wa jirani mwenye miaka 15. Jua lilikuwa linazama. Mjomba akamwambia yule kijana azunguke upande wa pili wa kichaka, ili kama kuna kitu kitoke kuja kwetu. Akazunguka. Tukasubiri. Nikaona kitu cheusi, kifupi, kinatikisika chini ya majani.

Nikasema: "Mjomba, ngiri! Yule pale!"

Mjomba macho yake yalikuwa yameanza kuchoka. Ya kwangu yalikuwa mapya. Akaniamini. Akafyatua.

Gobore linatoa moshi mwingi sana, unaweza kukaa nusu dakika huoni kitu. Ndani ya ule moshi tukasikia sauti ya mtu.

Kijana alikuwa ameinama kutengeneza kandambili yake iliyokatika gidamu. Vyuma vilimwingia pajani na kwenye goti.

Hatukumpeleka hospitali. Hospitali wangeuliza PF3, PF3 ingeuliza polisi, polisi wangeuliza bunduki, na bunduki ingeuliza leseni. Kila mlango ulikuwa na swali ambalo mjomba hakuwa na jibu lake. Akaitwa mzee mmoja aliyewahi kufanya kazi kwenye zahanati, akavitoa vile vyuma kwa mwanga wa karabai. Nilishika beseni. Wazee wakakaa, ng'ombe wawili wakatoka zizi moja kwenda zizi jingine, na sisi watoto tukaambiwa: hamkuona kitu.

Niliporudi shule tukapewa insha, "Likizo Yangu". Niliandika juu ya safari ya treni. Nilipata 18 kati ya 20.

Yule kijana anachechemea mpaka leo. Mjomba alifariki mwaka 2015 bila kulitaja jambo hilo hata siku moja mbele yangu. Mwaka 2022, serikali ilipotangaza msamaha kwa wanaosalimisha silaha kwa hiari, mkewe alilitoa lile gunia darini akalipeleka. Nikadhani yameisha.

Halafu huyo huyo anayechechemea ananipigia kuuliza leseni ya kuwinda inapatikanaje. Sasa wewe msomaji ungekuwa mimi ungefanyaje? Mimi niliomba ruhusa kazini, nikakata tiketi.

Kabla ya kuondoka nilisoma kidogo, si mnajua tabia yetu waandishi, tukiogopa jambo tunakimbilia kwenye makaratasi. Leseni ya kuwinda kwenye nchi hii ni kongwe kuliko nchi yenyewe. Ililetwa na Mjerumani. Mwaka 1896 gavana Hermann von Wissmann alitoa amri iliyowataka watu wawe na kibali kuwinda na kutenga maeneo ya akiba. Babu zetu waliamka asubuhi wakakuta swala aliyekuwa swala jana, leo ana mwenyewe. Mwingereza akaja na sheria yake mwaka 1921, akaibadilisha 1951. Sisi wenyewe tukatunga yetu mwaka 1974, na inayotumika sasa ni Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori Na. 5 ya mwaka 2009. Miaka zaidi ya mia moja. Tawala tatu. Swali ni lile lile: una karatasi?

Singida nikaingia ofisi moja ya mambo ya wanyamapori. Siitaji, maana afisa niliyemkuta alinipa muda wake na chai yake, na hakujua kama nitaandika. Nikamwambia nina ndugu anataka kuwinda kihalali. Akafurahi! Akasema watu wengi wanaoingia mle ndani wameletwa, hawakuja wenyewe.

Akanihesabia kwa vidole. Nanukuu daftari langu:

Moja, awe na silaha anayoimiliki kihalali. Gobore la urithi halihesabiki. Na silaha nayo ina safari yake: serikali ya kijiji, kata, polisi, kamati ya ulinzi na usalama. Sheria ya silaha iliyopo sasa ni ya mwaka 2015.

Mbili, aombe leseni na alipie. Kila mnyama ana bei yake. Leseni itataja mnyama gani, wangapi, eneo gani, na kuanzia lini mpaka lini. Umeandikiwa swala mmoja ukaua wawili, yule wa pili umemwiba.

Tatu, ajue yaliyokatazwa. Sumu. Mitego ya waya. Mashimo. Kummulika mnyama usiku kwa taa. Kuwinda ukiwa ndani ya gari. Na ukimjeruhi mnyama wa hatari, nyati kwa mfano, huruhusiwi kwenda nyumbani kulala ukamwachia mama anayechota maji akutane naye kesho.

Akanikumbusha pia upande wa pili wa shilingi, yaani nyara za Serikali. Nyama nayo ni nyara. Hukumu za miaka 20 jela kwa waliokutwa na nyara tunazisoma kwenye magazeti kila mara, na sisi waandishi ndio tunaoziandika, mistari minne, tunaendelea na mpira.

Nikamwuliza: "Na mafunzo?"

"Mafunzo ya nini?"

"Ya kuwinda. Anajifunza wapi?"

Akanitazama. "Wewe baiskeli ulifundishwa na nani?"

Nikacheka, lakini sikuwa na raha. Akaliona hilo, akaongeza kwamba anayeongoza watalii kuwinda, yule tunayemwita mwindaji bingwa, yeye anafanya mtihani kabla ya kupewa leseni. Mkoa wa Singida una mapori ya akiba makubwa, Rungwa, Kizigo na Muhesi, na humo mgeni mwenye dola zake hatembei bila bingwa ubavuni. Yaani mgeni analindwa na mtu aliyefaulu mtihani. Mtoto wa jirani yangu alilindwa na macho ya mtoto wa darasa la nne.

Wenzetu wamefanyaje? Marekani, jimbo la New York lilianza mwaka 1949 kumlazimisha mwombaji asome kwanza ndipo apewe leseni, na majimbo mengine yakafuata. Texas aliyezaliwa kuanzia tarehe 2 Septemba 1971 anatakiwa awe na cheti cha mafunzo ya uwindaji. Ujerumani ndiyo usiseme. Mtu anasoma miezi, anaandika, anaulizwa kwa mdomo, anapiga shabaha mbele ya wasahihishaji. Wenyewe wanautania mtihani ule kwa jina la "Abitur ya kijani", Abitur ikiwa ule mtihani wao wa kumaliza sekondari, kama kidato cha sita chetu. Mjerumani huyo huyo aliyetuletea leseni! Karatasi alitupa, darasa akabaki nalo kwao.

Na katika mafunzo yote hayo, moja ya masomo ya kwanza kabisa halihusu mnyama. Linasema: usifyatue mpaka umejua kwa hakika unachokilenga, na kilicho nyuma yake. Nilipolisoma hilo kwenye simu, kwenye kitanda cha gesti pale Singida mjini, nilizima simu. Nililala saa nane usiku.

Afisa ndiye aliyenipa wazo la kwenda Mkalama. "Kama unatafuta shule ya uwindaji," alisema, "nenda kwa Wahadzabe. Hawa hawana cheti, lakini walimu wanao." Nikapanda gari asubuhi mpaka Nduguti, kisha bodaboda mpaka Munguli, vumbi mpaka kwenye meno.

Wahadzabe mnawajua, au mnadhani mnawajua, kutokana na zile video za watalii. Ni watu wapatao elfu moja na kitu, wanaishi kulizunguka Ziwa Eyasi, upande wa Singida, Manyara, Arusha na Simiyu. Lugha yao ina vidoko na haina undugu uliothibitishwa na lugha nyingine yoyote. Mwaka 2007 kampuni ya wawindaji kutoka Falme za Kiarabu ilipewa bonde la Yaeda, kule Mbulu, wao wakapiga kelele mpaka kampuni ikaondoka. Mwaka 2011 baadhi yao wakapata hati za kimila za ardhi yao. Sitaki kuwapamba. Nilipofika niliona njaa pia, na nikaona pombe. Lakini nilikwenda kwa swali moja.

Mzee niliyempata alikuwa anachonga mshale, ameushika kwa meno akiunyoosha. Nikamwamkia, nikakaa chini. Nikamwuliza mtoto anaruhusiwa lini kwenda kuwinda.

"Anaruhusiwa na nani?" akauliza.

Akanieleza. Mtoto wa kiume akishajua kusimama vizuri anachongewa upinde mdogo. Anapiga shina la mti, anapiga matunda, anapiga ndege, panya, pimbi. Miaka inakwenda. Mishale yenye sumu haigusi, hiyo ni ya wakubwa, inapikwa kwa utomvu wa kichaka chenye maua ya rangi ya waridi. Mpaka siku amepiga mnyama mkubwa kwa mkono wake ndipo anaingia kwenye kundi la wanaume wanaokula nyama ya epeme, ile ambayo wanawake na vijana hawaigusi. Piga hesabu mwenyewe: hiyo ni shule ya miaka kumi na tano au zaidi, na mtihani wake hauna kuibia.

(Mmeona lakini? Sumu, ile ile iliyo kwenye orodha ya afisa ya yaliyokatazwa, hapa ndiyo kalamu na daftari. Hilo ni somo la siku nyingine.)

Nikakusanya nguvu nikamwuliza: "Mzee, umewahi kusikia mtu amempiga mwenzake kwa bahati mbaya?"

Akaacha mshale. "Mimi mchana natembea peke yangu."

"Na usiku?"

"Usiku wakati wa kiangazi tunakaa kwenye maji, tunasubiri. Tunakuwa wawili. Tunakaa pamoja. Hatuachani."

Hatuachani. Sisi tulikuwa watatu na mmoja tukamtuma azunguke.

"Na kama kuna kitu kinatikisika, lakini hukioni vizuri?"

Alinitazama kama mtu anayetazama mtoto aliyechelewa kusema. "Basi hujaona," akasema, akarudisha mshale mdomoni.

Ndugu zangu, nimesoma mpaka chuo kikuu. Sijawahi kupewa jibu fupi kama lile.

Itigi nilifika siku mbili baadaye. Alinipokea stendi na pikipiki, mguu ule mbaya umening'inia pembeni. Ana mke, watoto wanne, ekari sita za alizeti. Tukakaa chini ya mwembe, tukala ugali wa uwele kwa mlenda, nikamsomea daftari langu lote: silaha, kamati, ada, mnyama, eneo, tarehe. Alisikiliza kwa makini, akawa anahesabu kimoyomoyo. Mwisho akasema, "Kwa hiyo ni magunia yote ya mwaka huu na ya mwaka kesho." Sikubisha.

Halafu nikasema. Sikuwa nimepanga maneno, yalitoka tu. "Kaka, siku ile, aliyesema ngiri ni mimi. Mjomba hakuona kitu. Ni mimi."

Kuku mmoja alipita. Akamfukuza.

"Najua," akasema. "Nilikusikia."

Nikanyamaza.

"Sauti yako ilikuja kwanza. Nikataka kuitika kwamba ni mimi. Lakini nilikuwa nimeng'ata mwiba wa kubania gidamu. Mpaka nautoa mdomoni..." Akapiga kofi moja la mikono. Ndivyo alivyoumalizia mlio ule.

Miaka yote hiyo nilidhani ninaficha siri. Mwenye siri alikuwa anayo muda wote, na alikuwa amewaacha wazee wanywe pombe yao na kumlaumu mjomba peke yake. Nilimwuliza kwa nini hakusema. Akasema, "Ulikuwa mtoto. Wangekuchapa, na goti lingebaki pale pale."

Nikamwuliza swali lililonitoa Dar: mtu aliyepigwa risasi anatafuta leseni ya nini?

Ana mtoto wa kiume wa miaka 12. Kijana ameanza kufuatana na wakubwa wake wanaoingia vichakani na mbwa na waya. Amemchapa mara mbili, haikusaidia. "Atakwenda tu," akasema. "Vichaka viko hapo, ngiri wanamaliza viazi, na nyama ni tamu. Siwezi kumzuia milele. Ninachotaka ni aende na mtu mwenye ruhusa, na mtu mwenyewe niwe mimi. Wengine hawajui kitu. Mimi najua upande ule mwingine wa kichaka ukoje."

Hapo ndipo niliposhindwa kuandika. Nilifunga daftari.

Sasa wasomaji, nisikilizeni. Sisemi leseni ifutwe. Vichaka vile vikiachwa bila sheria, baada ya miaka michache tutawaonyesha watoto wetu digidigi kwenye picha. Sisemi pia mtu alipie Abitur ya kijani, hatuna ubavu huo. Ninachosema ni kwamba kumwuliza mtu ana silaha gani, amelipa kiasi gani na anataka mnyama gani, halafu tusimwulize kama anajua lini ASIFYATUE, ni kumpa mtu gari kwa sababu ameonyesha risiti ya mafuta. Siku moja ya darasa ingetosha kuanzia. Mjomba wangu angepewa siku moja ya darasa, na angepewa njia ya kulipata bila kuuza ng'ombe wote, huenda angelikubali. Alikuwa mtu mwema. Alikosa mtu wa kumwambia kwamba macho ya mtoto si leseni.

Na mwalimu wa darasa hilo ninaye tayari. Yuko Itigi, anachechemea.

Leseni bado hajapata. Tumeanza na barua ya kijiji, nimeiandika mimi, ameiweka sahihi yeye. Ikikwama nitawaambia, ikipita nitawaambia. Kuhusu kijana wake, wakati naondoka nilimkuta baba yake amemweka upande wa pili wa uzio wa miiba, yeye upande huu, wanaitana kwa majina. Mmoja anaita, mwingine anaitika, anasogea hatua, anaita tena. Nikauliza ni mchezo gani. "Siyo mchezo," mtoto akanijibu, kidogo amekasirika.

Wewe je? Kwenu kuna mjomba mwenye gunia darini? Kuna mtu anachechemea na hakuna anayesema kwa nini? Niandikie. Jina lako sitalitaja.

Haya, mpaka siku nyingine.